Kazi Isiyo na Muamala

Bibi alifika saa nne kasoro asubuhi, kanga begani, mkononi simu ya kitochi iliyofungwa mpira ili betri isidondoke. Hakusema anataka kutoa wala kuweka. Alipitisha simu dirishani, akasema, "Mwanangu, hebu nisomee hii."

Mama mdogo wangu, wakala wa pesa kwa simu, akasoma kimoyomoyo kwanza, kisha kwa sauti. Ujumbe ulisema bibi amepokea shilingi 180,000. Kulikuwa pia na simu tatu alizopigiwa bila kupokea, zote za namba moja.

"Atapiga tena," mama mdogo akamwambia. "Atakuambia amekosea kutuma, umrudishie. Usirudishe kitu. Huu ujumbe haujatoka kwenye mtandao, umetoka kwenye namba ya mtu tu. Tuangalie salio lako."

Akamfungulia menyu, akageuza uso pembeni wakati bibi anaingiza namba ya siri. Salio lilikuwa lilelile la jana.

Simu ikaita palepale. Mama mdogo akaipokea yeye. "Mwenye simu yuko hapa kwa wakala. Ongea na mimi." Ikakatwa.

Bibi alipewa maji, akakaa kwenye benchi mpaka mikono ikaacha kutetemeka, akaaga. Mama mdogo hakuandika chochote kwenye kaunta buku lake. Hakukuwa na cha kuandika.

Mimi nilikuwa nimesimama hatua tatu kutoka pale, nimevaa tisheti ya kazi, namsubiri muuza nyama wa jirani afungue bucha nimsajili lipa namba, namba ya dukani ya kupokelea malipo kwa simu.

Hiyo ni wiki sita zilizopita. Haijanitoka.

## Kazi yangu

Kazi yangu ni kutembea. Naingia duka la dawa, saluni, kwa fundi cherehani, kwa mama ntilie, nawashawishi wapokee malipo kwa simu. Nasajili, nabandika karatasi yenye namba na msimbo wa TANQR wa kuskani na kulipa, nawasisitizia wasome ujumbe wa malipo kabla ya kumwachia mteja mzigo, naondoka kwenda duka linalofuata.

Naipenda kazi hii. Nimemwona mama ntilie akiacha kuzunguka mtaa mzima kutafuta chenji ya jero. Nimemwona fundi mmoja, aliyekuwa akiibiwa na msaidizi wake kidogo kidogo kwa miaka, akijua kwa mara ya kwanza siku yake imeingiza shilingi ngapi. Alikaa kimya muda mrefu akiangalia ile simu.

Lakini hesabu yake iko wazi. Mteja akilipia nyama kwa simu, hakupita kwa wakala kutoa pesa. Muuza nyama akimlipa mtu wa mnadani Pugu kwa simu, naye hakupita. Pesa inazunguka ndani ya simu, na kila mzunguko usiogeuka kuwa noti ni kamisheni ambayo mama mdogo hakuipata.

Nilikuwa najua. Nilikuwa nalijua jambo hili kwenye karatasi, kwenye mafunzo, kwenye chati. Sikuwa nimesimama hatua tatu kutoka kwenye dirisha lake.

Na mama mdogo ndiye aliyenilipia ada ya sekondari. Kwa kamisheni hizohizo.

## Tabaka za rangi

Kibanda kiko Tandika, Dar es Salaam, nyuma ya soko, cha mbao na bati. Wiki moja baada ya tukio la bibi nilimsaidia kukikwangua kipakwe rangi upya, nikajikuta nasoma maisha yake kwa kisu cha fundi rangi.

Njano ya Yas ilikuwa juu. Chini yake bluu ya Tigo. Upande wa mlango, chini ya nyekundu ya Airtel, kilibaki kipande cha neno Zain, jina lililokaa mjini miaka miwili tu, 2008 hadi 2010. Chini kabisa, kwenye ubao wa dirisha, bluu ile ya zamani ya Vodacom, kabla hawajahamia nyekundu.

Mama mdogo alianza pale na simu moja ya mezani isiyo na waya, akitoza kwa dakika. Walio na umri wangu wanakumbuka: unapiga huku jicho liko kwenye saa ya ukutani. Lakini sehemu ya kazi ile ambayo haikutozwa ndiyo iliyomchosha miguu. Mtu wa Songea anapiga, anamtaka dada yake wa nyumba ya tatu kutoka msikitini, na mama mdogo anafunga dirisha, anakimbia kumwita. Simu ya kupokea haikuwa na malipo. Alikimbia hivyohivyo.

Simu za mkononi zikashuka bei, watu wakanunua zao, ile ya mezani ikawa pambo. Akahamia kwenye vocha za kukwangua. Wazee walikuwa wanakuja na vocha mkononi hawaoni tarakimu, anawakwangulia, anawaingizia, anawasubiri mpaka salio lisome. Faida ya vocha ya buku ilikuwa ileile, umeikwangua mwenyewe au umekwanguliwa.

Kisha uwakala. M-Pesa ilianza Kenya Machi 2007, ikafika kwetu Tanzania 2008, na mwaka uliofuata mama mdogo alikuwa na laini ya wakala na daftari. Hiyo ndiyo miaka iliyomjengea vyumba viwili Mbagala. Mwisho wa mwezi foleni ilikuwa inafika kwa muuza mkaa, keshi inaisha saa sita, anapanda daladala na mkoba kifuani kwenda kubadilisha floti, salio lake la uwakala kwenye simu, iwe noti, anarudi jasho linamtoka. Noti bandia ikiingia, hasara yake. Akikosea tarakimu moja, hasara yake. Kibaka akija, hasara yake.

Mwaka 2019 ikaja amri ya kusajili laini kwa alama za vidole, mwisho 31 Desemba, ukasogezwa hadi 20 Januari 2020. Bibi na babu wa mtaa, ambao vidole vyao vimelimwa na kazi mpaka mashine haivisomi, walipanga foleni dirishani kwake. Aliwaosha vidole kwa sabuni na maji ya ndoo, akavikausha kwa kanga yake, akajaribu tena na tena.

Nilipokuwa nakwangua rangi zile nilikuwa bado najiambia neno ambalo nimelisema kwenye semina nyingi: kazi moja hufa, nyingine huzaliwa. Ushahidi si huu hapa? Kibanda kimoja, kazi nne, zaidi ya miaka ishirini.

Ndipo nikaona kitu ambacho rangi hazikionyeshi.

Kazi zilibadilika. Kusomea watu hakukubadilika.

## Utafiti nilioukariri

Kuna utafiti ambao sisi wa fani hii tunaupenda sana. Uliandikwa na Tavneet Suri na William Jack, ukatoka kwenye jarida la Science mwishoni mwa 2016. Walikadiria kwamba M-Pesa ilizitoa kaya 194,000 za Kenya kwenye umaskini, kama asilimia 2 ya kaya zote nchini humo, na kwamba wanawake 185,000 waliacha kutegemea kilimo wakaingia kwenye biashara kama kazi yao kuu.

Nimezitaja namba hizo mbele ya watu mara nyingi, na ninaziamini. Ninaposimama mbele ya mama wa genge anayesita, huwa ninamwona kama mmoja wa wale 185,000.

Usiku mmoja, baada ya kazi ya rangi, niliusoma upya. Nikakwama mahali nilipokuwa napita haraka kila mara. Ili kujua nani kafikiwa na huduma na nani hajafikiwa, watafiti hawakuhesabu simu. Walihesabu mawakala. Walilinganisha kaya ambazo mawakala waliongezeka karibu yao na zile ambazo hawakuongezeka sana. Huduma ilikuwa imekufikia pale ambapo mtu wa kukuhudumia amekusogelea.

Nilifunga kompyuta, nikakaa gizani.

Wao walikitumia kama kipimo, na sitaki kuwawekea maneno mdomoni. Lakini miaka yote nilikuwa nasimulia habari ile kama habari ya teknolojia. Simu, menyu, *150*00#. Na kumbe chini ya namba zote zile kulikuwa na dirisha, na nyuma ya dirisha mtu aliyevumilia kueleza kitu kilekile mara ya tano.

Yule mtu ndiye ambaye mimi, duka moja baada ya jingine, namsaidia asihitajike.

## Mama yangu hakubali

Nilimweleza mama habari hizi nikitegemea atamwonea huruma mdogo wake. Alinisikiliza huku anachambua mchele, kisha akanishangaza.

"Mdogo wangu nampenda," alisema. "Lakini mimi hela yangu sipeleki kwake tena. Ukinitumia wewe, nikienda kutoa, mpaka jioni mtaa mzima unajua mwanangu kanitumia. Wanakuja kukopa. Sasa nalipa dukani kwa simu, nalipa LUKU nikiwa kitandani, hakuna anayejua nina shilingi ngapi. Hiyo kwangu ni heshima."

Sikuwa na jibu, na sina mpaka leo.

Tena kuna mengine niliyokuwa nayapitia pembeni. Si kila wakala ni mama mdogo. Wapo waliomwambia mzee "hebu nipe namba yako ya siri nikusaidie", na mzee akatoka na deni. Wakati wa kusajili laini, wapo watu walioweka vidole mara mbili kwa maelezo kwamba mara ya kwanza imegoma, na baadaye, walipopiga *106#, wakakuta namba wasizozijua zikiwa na jina lao. Dirisha lililompokea bibi ndilo hilohilo linaloweza kumwibia. Simu mfukoni mwako, ikiwa unaweza kuisoma, haina ulimi wa kupeleka habari.

Ikiwa unaweza kuisoma.

Hapo ndipo narudi kila nikizunguka. Mama yangu alisoma mpaka darasa la saba la enzi zile, na macho yake yana miwani. Bibi wa kitochi hakupata yote mawili. Teknolojia ileile inampa mmoja siri yake, na kumwacha mwingine peke yake na tapeli.

## "Muamala uko wapi?"

Nilifanya nililoweza kulifanya. Kwa wiki moja, kila nilipopata nafasi, nilikaa kwenye benchi la mama mdogo na karatasi. Nilipiga mstari kwa kila mtu aliyefika dirishani, na mstari wa pili kama alifanya muamala wenye kamisheni. Asubuhi moja ya Jumatano walifika watu 19. Waliotoa au kuweka pesa walikuwa 7. Waliobaki: kusomewa ujumbe, kuuliza kwa nini kifurushi kimeisha, kurudisha namba iliyofungwa, kuonyeshwa jinsi ya kutuma taarifa za tapeli kwenda 15040, kijana mmoja kusaidiwa kupakia cheti kwenye maombi ya kazi, na mzee mmoja aliyetaka kujua tu kama mwanawe "yuko hewani".

Niliandika kurasa tatu nikapeleka kazini. Pendekezo langu lilikuwa dogo: tunapomsajili mfanyabiashara mpya, tumpe na wakala wa karibu yake malipo fulani ya kila mwezi ili awe mahali pa kuuliza. Nilieleza habari ya bibi. Nilieleza kwamba anayetapeliwa mara moja harudi kwenye huduma, kwa hiyo hata kampuni inapoteza.

Walinisikiliza vizuri, sitawasingizia. Kisha mtu wa mahesabu akauliza, kwa upole kabisa, "Muamala uko wapi?"

Alikuwa ananiuliza kweli. Mfumo unalipa pale kitu kinapotoka A kwenda B. Unahesabu saa, dakika, kiasi, makato. Bibi alipookolewa, hakuna kilichotoka popote. Hilo ndilo lilikuwa jema lenyewe, kwamba hakuna kilichotoka. Na kwa mfumo, kitu ambacho hakikutokea hakiwezi kulipiwa kamisheni.

Nilitoka pale nikiwa nimeelewa jambo moja kwa mara ya kwanza. Sisi tunaozungumzia mustakabali wa kazi tunaorodhesha kazi zitakazochukuliwa na mashine na kazi zitakazoletwa na mashine, tunatoa moja kwenye nyingine. Lakini kazi ya mama mdogo ilikuwa mbili ndani ya moja. Iliyolipwa, ambayo mashine inaifanya vizuri kuliko yeye, na isiyolipwa, iliyobebwa na ile ya kwanza kama mtoto mgongoni. Mama akiondoka, hakuna anayeuliza mtoto kabaki kwa nani.

## Hakuna barua

Nilimwambia mama mdogo kwamba pendekezo limekwama. Hakuonekana kuumia. Alikuwa anahesabu noti za elfu mbili, akamaliza kwanza.

"Wewe baba unahangaika sana," alisema. "Unafikiri nitafukuzwa. Nani wa kunifukuza?"

Alisema kweli, na ukweli huo ndio ulionitia hofu. Karani wa benki akipunguzwa, kuna barua, kuna kiinua mgongo, kuna mahali pa kwenda kulalamika. Mama mdogo hajawahi kuwa mwajiriwa wa mtu. Ana laini na mkataba wa uwakala ambao hakumbuki kuusoma. Kazi yake haitakufa siku moja. Itapungua ukurasa mmoja, kisha nusu ukurasa, na hakuna tarehe ambayo mtu ataonyesha akasema, ilikuwa siku hii.

Aliwahi kuonja. Tozo ya serikali kwenye miamala ya simu ilipoanza 15 Julai 2021, kuanzia shilingi 10 hadi 10,000 kwa muamala, watu walirudi kwenye kufunga noti kwenye leso. Ilipunguzwa kwa asilimia 30 Septemba ya mwaka uleule, lakini miezi ile miwili aliuza maandazi dirishani palepale. Kwenye kaunta buku la mwaka ule kuna kurasa ambapo "toa" na "weka" zimechanganyika na unga na mafuta.

"Nikikosa kabisa, nitaweka friji niuze maji na juisi," alisema. "Mahali ninapo. Watu wananijua."

"Na wanaokuja kusomewa?"

Alinitazama kama nimeuliza jambo la kitoto.

"Wataacha kuja kwani?"

## Bucha

Jana nilirudi kumalizia ya muuza nyama. Siku ile ya bibi alichelewa kufungua, na baada ya hapo nilikuwa natafuta visingizio vya kutofika. Nilikuwa nimeamua nimwambie ukweli wote: faida yake, makato yake, na kwamba jirani yake atapata pungufu.

Muuza nyama alinisikiliza huku ananoa kisu. Nilipotoa fomu, akaifuta mikono, akaishika kwa ncha za vidole, akatoka nayo. Nilimwona akipita mbele ya kibanda, akaipitisha dirishani.

Mama mdogo alivaa miwani. Alisoma mstari kwa mstari kwa sauti, muuza nyama ameinamisha sikio. Alipofika katikati aliniita.

"Mteja akikosea tarakimu, hela ikaenda kwa mtu mwingine, huyu atafanyaje?"

"Apige 100, huduma kwa wateja. Awahi kabla aliyepokea hajatoa."

"Yeye bucha limejaa watu, mikono ina damu, simu inamwambia bonyeza moja, bonyeza mbili. Atafanyaje?"

Sikujibu.

"Atakuja hapa," alisema.

Akamrudishia muuza nyama fomu, akamwonyesha pa kuweka sahihi. Kisha akafungua kaunta buku ukurasa wa mwisho kabisa, ambako huwa hakuandikwi miamala, akaniambia nimsomee ile lipa namba taratibu. Ukurasa ule ulikuwa umejaa nusu tayari. Saluni. Duka la dawa. Fundi cherehani. Karibu zote nilikuwa nimezisajili mimi.